Mikono Mfukoni: Ufundi wa Jackson Gillis

Wapenzi wa Columbo, mfululizo wa upelelezi wa televisheni, wanamjua mwigizaji Peter Falk, koti lake la mvua lililokunjamana na biri yake isiyokwisha. Waulize Jackson Gillis ni nani, wengi watanyamaza. Maneno ya mwandishi wa miswada husemwa na kinywa cha mwingine, na jina lake hupita kwenye kioo kabla mtazamaji hajakaa vizuri.

Gillis, Mmarekani aliyezaliwa 1916 na kufariki 2010, aliandika michezo ya upelelezi ya redioni, akishirikiana na David Victor katika mfululizo wa Let George Do It. Redioni hakuna sura wala koti. Ushahidi wote hufichwa ndani ya mazungumzo. Baadaye aliandikia televisheni: Adventures of Superman, kisha Perry Mason. Hiyo ni kazi yenye tarehe ya mwisho; haimsubiri mtu ashukiwe na msukumo.

Columbo ikampa mtihani mgumu zaidi. Muuaji huonyeshwa mapema, hivyo hakuna cha kubahatisha isipokuwa atanaswaje.

Katika kipindi cha "Suitable for Framing" cha 1971, mhakiki wa sanaa Dale Kingston anamuua mjomba wake, anaiba michoro miwili ya Degas, kisha anapanga ikutwe kwa mtalaka wa marehemu. Kabla ya hapo Columbo, kwa ule ubabaifu wake, anapenyeza mkono katika mkoba aliobeba Kingston; mwenyewe anaunyakua mkoba wake. Tunacheka, tunasahau. Mwishoni michoro inapatikana, na juu yake alama za vidole vya Columbo. Kingston anafoka: umeigusa sasa hivi! Columbo anatoa mikono mfukoni. Amevaa glavu.

Basi. Hapana hotuba, hapana risasi. Hapo ndipo ninapomvulia kofia Gillis. Tulimwona mpelelezi akigusa, tukadhani ni kichekesho tu. Na kwa kuwa Columbo hutembea ametia mikono mfukoni, nani angeitilia shaka siku hiyo? Tabia ya mhusika imegeuzwa mtego, nasi tumenaswa pamoja na muuaji.

Mwaka 1972 mswada huo uliteuliwa kuwania tuzo ya Emmy. Walioitwaa ni Richard Levinson na William Link, waasisi wa Columbo, kwa kipindi kingine cha mfululizo huohuo. Mswada wao ni mzuri. Wa Gillis ni bora zaidi.