Mizani Mbili za Mapenzi

Ziko hadithi za mapenzi ambazo ndani yake kosa la mwanamke hupimwa kwa mizani moja, na la mwanamume kwa mizani nyingine. Twapenda kuwaonyesha wasomaji mbili.

Ya kwanza ni sinema ya Kijapani, Taki no Shiraito, aliyoitengeneza Mizoguchi Kenji mwaka 1933. Sinema hiyo haina sauti. Siku zile msimulizi aitwaye benshi husimama kando ya kitambaa cheupe, akiwasemea watu wote wa picha. Mwanamke wa michezo ya jukwaani, asiyehesabiwa kuwa mke wa mtu wa heshima, ampenda kijana maskini, mwendesha gari la farasi, akamlipia masomo ya sheria. Kwa ajili ya fedha hizo ajitia katika deni, hata mwisho akamwua mkopeshaji. Barazani, mwenye kumshitaki ni yule yule aliyemsomesha. Kijana atimiza kazi yake, lakini hawezi kuishi baada ya hukumu ile. Wote wawili wafa.

Ya pili ni ya jirani zetu wa Ukerewe: kitabu Rosa Mistika cha marehemu Euphrase Kezilahabi, kilichotolewa mwaka 1971. Zakaria aona barua ya Charles kwa binti yake Rosa, akampiga vikali. Mithali yasema, mchelea mwana kulia hulia yeye. Ni kweli, lakini fimbo ya Zakaria ilimfundisha Rosa kuogopa tu, haikumfundisha kuchagua. Alipofika mbali na baba yake, hofu ikaisha, naye hakubakiwa na kinga. Miaka baadaye Charles amchumbia. Ajuapo kwamba si bikira, amwacha. Rosa ajiua.

Kitabu hiki kiliwahi kukatazwa mashuleni, eti chaharibu vijana. Sisi twaona kasoro yake ni nyingine: mwishoni misiba yafuatana upesi mno. Lakini swali lake ni la haki. Kijana wa Japani alijua kwamba yeye ndiye mdaiwa. Charles ajiona mdai tu.

Baba wa Nyamigogo aulizaye habari za binti kabla ya posa afanya vema. Basi na aulize vile vile habari za mwanawe.