Mipaka ya Upepo: Nani Anahesabu Siku za Kusadikika?

Wahakiki wengi wakifika kwenye kipengele cha mandhari katika Kusadikika (1951) huandika sentensi moja na kupita: hii ni nchi ya kubuni, inaelea hewani, mahali na wakati havijulikani. Nasi wanafunzi tunainakili sentensi hiyo kwenye mtihani, tunapata alama zetu, basi. Makala haya yanadai kwamba sehemu ya mwisho ya sentensi hiyo si kweli. Wakati wa Kusadikika unajulikana, ila Shaaban Robert ameuweka mahali ambapo hatukwenda kuutafuta, yaani kwenye ramani.

Hebu tuitazame ramani yenyewe. Nchi inayoelea kati ya mbingu na ardhi haiwezi kupakana na mto wala mlima, kwa hiyo mwandishi ameipa mipaka ya pepo: Kaskazi, Kusi, Matlai na Umande. Wengi tumeyachukua majina haya kama pambo, namna ya kupendeza ya kutaja pande nne za dunia. Lakini kamuulize mvuvi wa Tanga, mkoa alikozaliwa mwandishi, kaskazi ni nini. Hatanyoosha kidole, atakutajia miezi. Kaskazi huvuma takriban kuanzia Desemba hadi Machi, nayo ndiyo iliyoyaleta majahazi kutoka Uarabuni na Bara Hindi. Kusi hushika zamu pamoja na masika, nayo ndiyo iliyoyarudisha kwao. Nahodha aliyechelewa kusi hakuwa na la kufanya, alikaa akingoja mwaka ugeuke. Nchi iliyopakana na Kaskazi upande mmoja na Kusi upande wa pili, basi, imepakana na nusu mbili za mwaka. Wananchi wake wamezungushiwa majira kama ua wa makuti.

Tukilikubali hilo, usomaji wetu wa zile safari unabadilika. Wajumbe sita wanatumwa pande nne, kisha mbinguni na ardhini. Wanarudi na mawazo mema, malipo yao kifungo. Tumezoea kuzisoma safari hizo kama umbali. Lakini kwa hesabu ya pwani, upepo uliokupeleka siyo unaokurudisha. Anayevuka mpaka wa namna hiyo ametoa sehemu ya umri wake, na dola inayomfunga akirudi inamnyang'anya umri mara ya pili. Hapo ndipo shtaka la Karama linapokuwa zito. Anashtakiwa kwa kufundisha uanasheria, na swali la kwanza la mtu aliyejifunza sheria, akimwona mwenzake ndani, ni hili: kwa muda gani? Watawala wasiotaka kuulizwa swali hilo hawana haja ya kalenda. Wanatosheka na ile "hapo zamani za kale" ambayo sisi wahakiki tumewapa bure.

Atatokea mtu aseme: mbinguni na ardhini hakuna kaskazi wala kusi, mbona umezisahau? Sijazisahau. Safari hizo mbili ni za wima, zinatoka nje ya ua, na nadhani ndiyo maana hazikuchanganywa na zile nne.

Sasa tupime na kwa wenzetu. J. R. R. Tolkien, katika viambatisho vya The Lord of the Rings vilivyotoka mwaka 1955, aliwabunia watu wake wafupi wa Shire kalenda kamili: miezi 12, kila mmoja siku 30, halafu siku 5 zisizo za mwezi wowote, mbili za kufunga na kufungua mwaka na tatu za katikati. Siku ya katikati kabisa haihesabiwi katika wiki, kwa hiyo mwaka hauhami: kila mara unaanza Jumamosi na kuishia Ijumaa, ambayo ndiyo siku kubwa ya wiki. Wasomaji hushangaa ubunifu huo, na ni haki yao. Msomaji wa Kiswahili anashangaa kidogo tu, maana wiki inayoanza Jumamosi ndiyo anayoishi nayo. Na zile siku 5 za ziada ziko katika mwaka wa Nairuzi wa pwani, ule ambao Makunduchi wanausherehekea kwa Mwaka Kogwa kila Julai. Mwaka huo huhesabiwa kwa siku kumi kumi, miongo 36, kisha zinabaki 5. Neno "mwongo" ambalo leo tunalipachika kwenye miaka kumi lilikuwa na kazi hiyo kwanza.

Tena sisi tumemzidi Tolkien kwa vituko. Wiki yetu ina siku mbili za tano: Jumatano kwa hesabu ya Kibantu, na kesho yake Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu nayo ni ya tano. Mwezi unaofuata Ramadhani unaitwa Mfungo Mosi, ingawa ndipo watu wamefungua. Angekibuni mtu kitu kama hicho katika riwaya, mhariri angemrudishia mswada.

Huku kwetu Mkonze hatuna kaskazi ya kungojea. Tuna msimu mmoja wa mvua, Desemba hadi Aprili hivi, ukikubali kuja. Ndiyo maana kalenda ya wazee wa Ugogo ninayoiona kuwa na nguvu zaidi ni ile ya njaa. Ile ya miaka ya 1917 hadi 1920 ina jina lake, Mtunya. Majeshi ya Wajerumani na Waingereza yalichukua ng'ombe, nafaka na wapagazi, kisha ukame ukaja. Mathias Mnyampala, mshairi na mwandishi wa historia ya Wagogo, alizaliwa mwaka 1917, yaani ni mtoto wa Mtunya. Kalenda hii ni kinyume cha ile ya Shire. Kule jina la siku limeshaandikwa kabla siku haijafika. Huku mwaka hauna jina mpaka uwe umewatenda watu jambo.

Ningependa kusoma riwaya ya nchi ya kubuni yenye kalenda ya namna hii. Mwaka umekwisha, haujapata jina. Ikulu inataka uandikwe Mwaka wa Neema, karani ameshachovya kalamu. Nje pale, kwenye foleni ya unga, watu wameshaupa jina jingine, na watoto waliozaliwa mwaka huo wanaitwa kwa jina hilo.