Matembezi ya Kuujua Mji

Kukaa katika mji si sawa na kuujua. Mtu aweza kupita njia ile ile kila siku kwa muda wa miaka ishirini, akawafahamu wauza kahawa wa pembeni mwake kwa majina, na bado asijue njia hiyo ilipata wapi jina lake, wala ni nani walioishi kando yake kabla ya nyumba zilizopo kujengwa. Ndiyo sababu katika miji mingi ya dunia yameanzishwa matembezi ya mafunzo. Kikundi cha watu hufuatana na kiongozi kwa miguu, husimama hapa na pale, na kila wasimamapo huelezwa habari za mahali pale. Baadhi ya matembezi haya yana shabaha maalumu, nayo ni kuwatafuta watu waliosahauliwa: watumwa, wachukuzi, wafungwa, vibarua, na wanawake ambao majina yao hayakuchorwa juu ya jiwe lolote. Katika insha hii nataka, msomaji, tuyapime matembezi ya namna hiyo kama tupimavyo hadithi au shairi. Mfano wetu utakuwa mji wa Mombasa.

Labda utauliza, matembezi yahakikiwa vipi, nayo si kitabu? Jibu ni kwamba matembezi nayo yana mtungaji. Yule aliyeamua kwamba tuanze hapa, tupite pale na tumalizie kule, ametunga. Aliyeamua tusimame mbele ya jumba hili kwa dakika kumi, na tulipite lile bila kugeuza shingo, amekwisha kutuambia nani astahili kukumbukwa na nani hastahili. Tena hakutuambia kwa maneno, bali kwa miguu yetu wenyewe, na jambo lisilosemwa kwa maneno ni gumu kulipinga. Basi twapaswa kuyauliza matembezi maswali matatu. Njia yake yapita kwa nani? Kiongozi ayajuaje ayasemayo? Na watu wanaokaa mahali pale wanatendewaje?

Tuanze na matembezi yaliyozoeleka Mombasa. Aghalabu huanza Ngome ya Yesu, iliyoanza kujengwa na Wareno mwaka wa 1593 na kutekwa na Waarabu wa Omani mwaka wa 1698, baada ya mazingiwa ya karibu miaka mitatu. Kutoka hapo huingia Ndia Kuu, hupita milango ya kuchorwa na baraza za Mji wa Kale, hufika Bandari ya Kale, na mwisho huishia dukani. Sitayadharau matembezi haya. Yamewapa vijana wengi riziki ya halali, yamewafanya wenye nyumba kuona fahari ya kutunza nyumba zao, na Ngome yenyewe iliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka wa 2011. Mgeni ayafuataye huondoka akijua mengi kuliko alivyojua alipofika.

Lakini tazama ni nani anaowakuta njiani. Hukutana na manahodha, magavana, masultani na matajiri. Huonyeshwa mlango, akaambiwa huu ni wa namna ya Kiarabu na ule ni wa namna ya Kihindi. Haambiwi ni mkono wa nani uliouchora, wala ni mabega ya nani yaliyobeba mawe ya matumbawe kutoka pwani. Wahenga walisema, "Usione vyaelea, vimeundwa." Matembezi haya hutuonyesha vinavyoelea, yakatunyima habari za waundaji. Hatimaye mwanafunzi huondoka na fundisho ambalo hakuna aliyelitamka: kwamba wenye historia ni wale tu waliojenga kwa mawe, na wengine wote walikuwa wapita njia.

Kosa hili hudhihirika hata ndani ya Ngome. Tangu mwaka wa 1895 hadi mwaka wa 1958 Waingereza waliitumia kuwa gereza. Haikufunguliwa kuwa makumbusho mpaka mwaka wa 1960. Maana yake ni kwamba kwa zaidi ya miaka sitini watu wa nchi hii walifungiwa ndani ya kuta hizo, katika siku ambazo babu wa baadhi yenu walikuwa hai. Hata hivyo kiongozi wa kawaida hukaa sana juu ya mizinga na mazingiwa, na habari za wafungwa huzitaja kwa sentensi moja, akielekea kivulini. Mareno aliyekufa zaidi ya miaka mia tatu iliyopita amepewa saa nzima; mfungwa ambaye huenda mjukuu wake yumo katika kikundi kile kile amepewa nukta moja.

Au chukua mwanzo wa mji. Mapokeo ya watu wa Mombasa humtaja mwanamke, Mwana Mkisi, kuwa mtawala wa mji wa kale kabla ya Shehe Mvita, ambaye jina lake mji unalo hadi leo. Katika miaka ya 1970 wataalamu walifukua ardhi karibu na hospitali kuu ya kisiwani, wakakuta vigae na masalio ya makao yaliyokuwapo karne nyingi kabla ya Mreno wa kwanza kuonekana katika bahari hii. Anayeanzia Ngomeni ameanza hadithi katikati, amemruka mwanamke aliye mwanzoni mwake, kisha akatuambia hadithi imekamilika.

Basi matembezi yaliyo bora yangekwenda wapi? Hapa ndipo penye ugumu. Watu waliosahauliwa aghalabu hawakuacha majumba. Kuwafuata ni kufika mahali ambapo macho hayapati cha kutazama, na kiongozi hana msaada mwingine ila maneno ya kweli. Kwa maoni yangu, hicho ndicho kipimo cha matembezi mazuri: yathubutu kutusimamisha mahali pasipo mnara.

Twende Majengo, mitaa iliyokaliwa na vibarua wa bandari na wa reli. Nyumba nyingi zilikuwa za Kiswahili, ukumbi katikati na vyumba pande mbili, kila chumba na mpangaji wake. Katika sehemu nyingi za Mombasa mwenye nyumba alimiliki kuta na paa tu, na ardhi iliyo chini yake ilikuwa ya mtu mwingine aliyelipwa kodi. Fikiri maana ya jambo hilo: mtu ajenga, azaa, azeeka na kufa juu ya udongo usio wake. Yeyote atakaye kuelewa ugomvi wa ardhi wa pwani ataelewa zaidi akisimama katika ukumbi mmoja kama huo kuliko akitazama mizinga kumi.

Katika mwezi wa Januari 1947 wafanyakazi wapatao 15,000 wa Mombasa waliacha kazi kwa siku kumi na mbili. Walikuwamo makuli wa gati, watu wa reli, watumishi wa mahoteli na wapishi wa majumbani. Bei za vitu zilikuwa zimepanda baada ya vita, nyumba hazikutosha, na mishahara haikupanda sawasawa na bei. Walikutana mchana katika kiwanja walichokiita Kiwanja cha Maskini, wakaunda chama chao, na Chege Kibachia akawa kiongozi wake. Serikali iliunda baraza la kuamua, nalo likaongeza mishahara ya baadhi ya wafanyakazi. Lakini mwezi wa Agosti mwaka huo huo Kibachia alikamatwa, akapelekwa Kabarnet, akazuiliwa huko miaka mingi. Jina la kiwanja hicho latosha kuwa somo. Hawakulipewa jina hilo na serikali ili kuwadharau. Walijiita maskini wenyewe, kisha wakausimamisha mji mzima. Kiwanja hakina dari wala nguzo za kupigia picha. Lakini kiongozi akisimama hapo akasema maneno haya matatu tu, nani, lini, na kwa nini, kikundi kitaondoka na kitu.

Sasa tuvuke daraja la Nyali hadi bara. Kila siku makondakta wa matatu huita "Kengeleni! Kengeleni!", na abiria hushuka na kupanda bila kuuliza ni kengele gani. Kengele ipo, juu ya mnara wake mdogo kando ya barabara, nayo ni ya Frere Town. Kijiji hiki kilianzishwa na wamisheni wa Kiingereza mwaka wa 1875 kwa ajili ya watumwa waliokombolewa baharini, kikapewa jina la Sir Bartle Frere, mjumbe aliyefika Unguja mwaka wa 1873 kwa shauri la kukomesha biashara ya watumwa. Walikuwamo Wayao, Wamakua, Wanyasa na wengine. Wengine walikuwa wamepelekwa kwanza Bara Hindi, wakasomeshwa huko, kisha wakarudishwa Afrika. Husemwa kwamba kengele ilipigwa kuwaonya watu adui alipokaribia.

Hapa hata matembezi yenye nia njema huweza kukosea. Ni rahisi kuisimulia Frere Town kama hadithi ya wema: wabaya walifunga, wazuri wakafungua. James Mbotela, mzaliwa wa watu hao, aliandika kitabu "Uhuru wa Watumwa", kilichochapwa mwaka wa 1934 na kusomwa shuleni kwa miaka mingi. Ni kitabu chenye thamani, maana kimehifadhi kumbukumbu za wazee. Lakini wahakiki wamekilaumu kwa kuwashukuru mno wakombozi na kuwasema kidogo waliokombolewa. Kiongozi mwangalifu atasema pia kwamba katika miaka ya mwanzo wasimamizi wa kijiji walishutumiwa kwa kuwachapa wakaaji viboko. Atasema kwamba wako watumwa wengi wasiongoja meli ya mtu yeyote. Walitoroka mashambani, wakajikomboa kwa miguu yao wenyewe, na zaidi ya 1,400 kati ya waliokimbilia kwenye misheni walilipiwa fidia na kupewa hati za uhuru mwanzoni mwa mwaka wa 1889. Atasema tena kwamba utumwa wenyewe haukufutwa kwa sheria katika pwani yetu mpaka mwaka wa 1907. Kuondoa sanamu moja na kuweka nyingine mahali pake si kuikumbuka historia. Ni kubadilisha pambo.

Wahenga walisema, "Mwacha asili ni mtumwa." Methali hii tumeikariri tangu utoto, lakini ukisimama Kengeleni utaisikia kwa sikio jingine. Watu wa Frere Town hawakuacha asili, walinyang'anywa. Walichukuliwa wakiwa watoto, wengine hawakuwahi kukumbuka jina la kijiji chao, wakapewa majina mapya kwa ubatizo. Kisha wajukuu wao wakaulizwa na majirani, "Ninyi ni kabila gani?", kana kwamba kukosa jibu ni aibu yao. Matembezi yakimfanya mwanafunzi mmoja aione dhuluma iliyomo katika swali hilo, yamefanya kazi kubwa kuliko mtihani.

Lakini kwa sababu hiyo hiyo, swali letu la tatu ndilo zito kuliko yote. Wakaaji wanatendewaje? Historia ya utumwa si kigae cha kuwekwa katika kabati la kioo. Iko katika majina ya watu, katika posa zilizokataliwa, katika maneno yanayosemwa chini chini arusini. Kiongozi anayenyoosha kidole na kusema, "Katika nyumba ile hukaa mjukuu wa mtumwa," amekifanya kidole chake kuwa mnyororo. Vivyo hivyo yule anayewapitisha wageni Majengo ili watazame umaskini wa watu wakipika uani. Kukumbukwa ni haki, na kutazamwa bila ruhusa ni dhuluma. Mpaka kati ya mambo haya mawili ni mwembamba. Matembezi mema huomba ruhusa. Humwacha mzee wa mtaa aseme mwenyewe, na humwacha anyamaze akitaka. Na fedha zikipatikana, sehemu yake hubaki mtaani.

Kuhusu swali la pili, yaani ushahidi, nitasema kwa ufupi. Aliyesahauliwa huacha pengo, na pengo huvutia uongo. Viongozi wengine hulijaza kwa mashimo ya siri na minyororo isiyojulikana ilitoka wapi, kwa kuwa mgeni hupenda kutishika. Huruma ya namna hiyo ni ya bure. Waliodhulumiwa walikwisha kusingiziwa mengi walipokuwa hai. Tusiwasingizie tena wakiwa wamekufa, hata kama ni kwa kuwasifu. Kiongozi aseme, "Haya yameandikwa, haya nimeyasikia kwa wazee, haya ni dhana yangu." Akitenga mambo hayo matatu, twaweza kumwamini.

Wako watakaosema, "Ya nini kufukua yaliyozikwa? Mji umetulia." Nawaheshimu wasemao hivyo, maana baadhi yao ndio wenye jeraha. Lakini watu hawa hawakuzikwa, waliachwa nje. Na mji unaowaambia baadhi ya watoto wake kwamba wazee wao hawakufanya lolote, watoto hao wataamini kwamba wao nao si watu wa mji ule. Hilo si jambo la makumbusho. Ni jambo la nani ataomba kazi bila hofu, nani atadai ardhi, nani atasimama katika mkutano na kusema, "Hapa ni kwetu."

Msomaji, pengine hukai Mombasa. Hukosi mji au soko au stesheni karibu na shule yako. Usingoje kiongozi wala usilipe ada. Chukua daftari, mwombe mzee mmoja idhini ya kumsikiliza, uliza jina la mahali lilitoka wapi, kisha utunge njia yako mwenyewe. Utakapokuwa umeitunga, ipime kwa maswali yale matatu tuliyoanza nayo. Na ukiona kwamba katika njia yako yote hukusimama hata mara moja mahali pasipo mnara, rudi ukaanze upya.