Dhahabu 500 Iliyoandikwa 1001

Mchezaji ana dhahabu 500 katika mchezo uliotengenezwa kwa RPG Maker VX Ace. Anafungua zana ya Cheat Engine, anapekua kumbukumbu kutafuta 500 kwa aina ya baiti nne, anapata anwani kibao. Ananunua dawa ya dhahabu 20, anatafuta 480, na orodha inabaki tupu. Wengi wakifika hapo huilaumu antivairasi, au huiwasha zana upya kwa haki za msimamizi. Lakini mpekuo wa kwanza ulileta anwani. Maana yake kumbukumbu inasomeka. Kama programu iliyochaguliwa ni mchezo wenyewe, kinachobaki kushukiwa ni umbo la namba.

Dawa yake ni kupekua bila kudhani chochote. Anza upya kwa thamani isiyojulikana. Nunua kitu, chuja anwani ambazo thamani zake zimepungua. Tembea bila kununua, chuja zisizobadilika. Rudia mpaka zibaki chache, kisha zitazame kwa makini. Dhahabu ikiwa 480, kumbukumbu inaonyesha 961. Ikishuka hadi 460, inaonyesha 921. Zimetoka dhahabu 20, lakini kumbukumbu imepungua 40. Basi kila dhahabu inahesabiwa mara mbili, na juu yake imeongezwa moja.

Chanzo ni lugha ya Ruby, inayoendesha mchezo huo. Humo, nafasi ileile ya kumbukumbu hubeba ama namba yenyewe, ama anwani ya kitu kilichohifadhiwa kwingine. Anwani hizo hugawanyika kwa nne, hivyo biti yake ya mwisho daima ni 0. Ruby huitumia biti hiyo kama alama: ikiwa 1, hii ni namba. Ili kuipatia nafasi, namba husogezwa biti moja kushoto, yaani huzidishwa kwa mbili.

Ukilijua hilo, utajua pia kwa nini wengine huona mchezo ukizimika ghafla. Anayetaka dhahabu 2000 aandike 4001. Akiandika 2000, namba shufwa, Ruby huichukua kama anwani na kwenda kutafuta kitu kisichokuwepo.

Kwa hiyo mpekuo ukirudi mtupu, usikimbilie mipangilio ya zana. Pima kwanza kilichopungua kwenye kumbukumbu dhidi ya ulichotumia dukani. Uwiano wa namba hizo mbili hukupa kizidisho, na kinachobaki hukupa alama.