Illatio: neno dogo, kazi kubwa

Mufratri anayefungua kitabu cha logika hukutana na neno illatio, akalipita upesi, akidhani ergo na conclusio zinatosha. Hazitoshi.

Neno hili linatoka katika inferre: in ni ndani, ferre ni kuleta. Ferre inageuka latum, na n mbele ya l inageuka l: illatum. Illatio, maana yake, ni kuleta ndani. Katika liturjia ya kale ya Hispania, inayofanywa hata leo kule Toledo, illatio ni jina la sala ile ambayo liturjia ya Roma inaita prefatio. Wanafilosofia wao wanataja hivyo mwendo wa akili: inashika maneno mawili, inaleta la tatu.

Basi tusichanganye. Conclusio ni mahali tulipofika. Illatio ni njia. Mutu akisema: «Kila padri amebatizwa, Petro amebatizwa, basi Petro ni padri», njia ni mbovu, hata kama Petro ni padri kweli.

Kardinali Newman, aliyetangazwa mutakatifu mwaka 2019, alilipa neno hili nguvu mpya katika kitabu chake cha 1870 juu ya kukubali kwa akili. Anaonyesha kwamba mara nyingi tunapata hakika kwa alama nyingi ndogo zinazokutana, bila silogismo. Nani anahitaji silogismo kusadiki kwamba Uingereza ni kisiwa? Tunamusifu kwa hayo. Lakini musomaji mvivu aweza kumutumia vibaya, akisema: «Moyo wangu umeniambia, yatosha.» Newman hasemi hivyo. Akili ile inafundishwa kwa mazoezi marefu, tena kila mutu anayo katika kazi aliyoizoea tu.

Jambo hili si la darasani peke yake. Wanafunzi walipomuona kipofu tangu kuzaliwa, waliuliza nani alitenda dhambi, yeye ao wazazi wake. Waliona taabu, wakaleta dhambi ndani. Bwana Yezu alikata ile illatio: si yeye, si wazazi wake. Na kwetu? Mutoto amekufa, basi kuna mulozi; na bibi mzee anafukuzwa nyumbani kwa ajili ya neno moja: basi.

Ndugu makatekista, mbele ya kutamka neno hilo, tujiulize: ninaleta nini ndani, na nimekitoa wapi?