Ndoo ya San Te: kwa nini picha za kung fu bado zinatushika

Kila nikitaja picha za Kichina mbele ya watu wa fasihi, napata jibu lilelile: mateke tu, hadithi hakuna. Sikubaliani nao. Hapa Idodi, kwenye barabara ya kwenda Hifadhi ya Ruaha, nimewasikia vijana wakisimuliana picha za kung fu, na sehemu wanayoikawilia si pambano la mwisho. Ni mafunzo.

Chukua The 36th Chamber of Shaolin ya mwaka 1978, iliyoongozwa na Lau Kar-leung. San Te, anayeigizwa na Gordon Liu, anakimbilia hekaluni baada ya watawala wa Kimanchu kuwaua watu wake. Anataka kisasi, anapewa kazi. Ili afike chumba cha kulia lazima avuke maji kwa kukanyaga magogo yanayoelea, na anatumbukia mbele ya wenzake. Anabeba ndoo za maji huku amefungwa visu kwenye mikono: akiishusha tu, anajichoma.

Kwa mtu aliyekua akichota maji kabla ya kwenda shule, hayo si mambo ya ugenini. Tofauti ni kwamba ndoo ya San Te inalipa. Mkono uliobeba maji ndio unaopiga baadaye. Tunaambiwa steringi hafi. Huyu hafi kwa sababu tumemwona akitengenezwa.

Mvuto uko hapo, na hatari pia. Kuna kijana anayefagia gereji miaka mitatu bila kufundishwa kufungua injini, na bosi anamwambia, "Vumilia, ndiyo mafunzo." Picha hizi zinaweza kumpa bosi huyo hoja. Lakini ukiitazama vizuri hii ya Lau, haiko upande wake. Kila chumba kina mwisho: ukifuzu, unaendelea. Mateso yasiyo na chumba kinachofuata si mafunzo, ni unyonyaji.

Tena San Te akishamaliza vyumba 35 anaomba kimoja zaidi, cha kuwafundisha watu wa kawaida nje ya hekalu. Wakubwa hawataki. Kwangu hicho ndicho kiini cha filamu, na ndicho ninachokiona katika kazi ya Lufufu na watafsiri wenzake wa vibanda umiza. Hawakufasiri neno kwa neno. Walieleza, walitania, waliongeza chumvi, na mtu asiyejua Kiingereza wala Kichina akatoka na hadithi nzima. Hiyo ni kazi ya msimulizi, na sisi tunaojiita wahakiki tumeiacha bila kuihakiki, huku mikanda yenyewe ikiota ukungu.

Udhaifu wa filamu upo: wanawake karibu hawaonekani, na kisasi cha mwisho kinakimbizwa. Bado naipendekeza. Ukifika kwenye ndoo, usipeleke mbele.