Isiyopingwa na Isiyopingika: Uhakiki wa Maana na Matumizi ya Kivumishi "Apodictic" na Ufasiri Wake katika Kiswahili

1.0 Utangulizi

Kivumishi cha Kiingereza "apodictic", ambacho pia huandikwa "apodeictic", ni adimu katika mazungumzo ya kila siku. Hukutwa zaidi katika maandishi ya mantiki, falsafa, historia ya sheria na uhakiki wa maandiko. Kwa maelezo ya jumla, ni sifa ya kauli iliyo kweli kwa ulazima, au iliyothibitishwa kiasi cha kutoacha nafasi ya ubishi. Neno la Kiswahili linalomjia mfasiri upesi ni "isiyopingika", na kauli yenye sifa hiyo huitwa "ukweli usiopingika".

Uhakiki huu unajenga hoja kwamba tafsiri hiyo, ingawa si kosa, imechukua nusu tu ya maana. Imechukua matokeo, yaani kutopingika, ikaacha kinacholeta matokeo hayo, yaani uthibitisho. Upungufu huo hauishii katika kamusi. Unajitokeza pia katika uandishi wa kitaaluma wa Kiswahili, ambamo maneno "ni ukweli usiopingika kwamba" mara nyingi hutangulia kauli ambayo haijathibitishwa popote. Ili kuonyesha jambo hilo, uhakiki unaanza na asili ya kivumishi, unapima njia za kukifasiri, kisha unatumia matokeo yake kuuchambua mgogoro wa ushairi wa Kiswahili kuhusu vina na mizani.

2.0 Asili ya Kivumishi: Uthibitisho

Kivumishi hiki kinatokana na kitenzi cha Kigiriki "apodeiknynai", chenye maana ya kuonyesha wazi au kuthibitisha kwa hoja. Nomino yake ni "apodeixis", yaani uthibitisho. Kilipitia Kilatini kikaingia Kiingereza katika karne ya 17. Katika shina lake, basi, hakuna dhana ya kupinga wala kutopinga. Kuna tendo la kuonyesha.

Aristotle ndiye aliyeipa dhana hiyo mipaka yake. Katika kitabu kijulikanacho kama Posterior Analytics, anaeleza kuwa uthibitisho ni hoja ya kimantiki inayozaa ujuzi. Misingi ya hoja hiyo sharti iwe ya kweli, iwe ya awali isiyotegemea uthibitisho mwingine, ijulikane zaidi kuliko hitimisho, na iwe ndiyo sababu ya hitimisho lenyewe. Katika kitabu chake kingine, Topics, anaeleza hoja ya aina tofauti, ile ya mjadala. Hiyo huanza na rai zinazokubaliwa na watu wote, au na walio wengi, au na wenye hekima. Rai hizo zinaweza kuwa za kweli, lakini kukubaliwa kwake si uthibitisho. Methali ya "wengi wape" ina nguvu katika baraza, kwa kuwa inasaidia watu kuafikiana. Haina nguvu ya kuthibitisha.

Tofauti hiyo ilihifadhiwa vizuri na wanafalsafa walioandika kwa Kiarabu. Posterior Analytics ilijulikana kwao kwa jina la Kitab al-Burhan, yaani Kitabu cha Burhani. Katika karne ya 12, Ibn Rushd, katika risala yake Fasl al-Maqal, aligawa njia za kuwafikisha watu kwenye kusadiki katika mafungu matatu: njia ya burhani, njia ya jadali na njia ya khitaba. Kwa mtafiti wa Kiswahili mgawanyo huu si mgeni. Kiswahili kimepokea maneno kutoka mashina yote matatu: burhani, jadili na mjadala, hutuba na hotuba. Kwa hiyo, lugha ina msamiati wa kutenganisha kinachothibitishwa, kinachojadiliwa na kinachoshawishiwa kwa ufasaha wa msemaji.

3.0 Kutoka Uthibitisho hadi Ulazima na Amri

Maana ya kivumishi ilipanuka baadaye katika pande mbili ambazo haziafikiani kikamilifu.

Upande wa kwanza ni ule wa Kant. Katika Kritik der reinen Vernunft ya mwaka 1781, aliziainisha hukumu za akili kwa kigezo cha namna zinavyodaiwa: zipo zinazodai kwamba jambo linawezekana, zipo zinazodai kwamba ndivyo lilivyo, na zipo zinazodai kwamba hapana budi liwe hivyo. Aina ya tatu ndiyo iliyopewa kivumishi hiki. Hapa mkazo umehama kutoka tendo la kuthibitisha hadi ulazima wa kauli. Tofauti kati ya "ndivyo" na "hapana budi" ni muhimu katika mjadala unaofuata, kwa kuwa kauli inaweza kuwa kweli bila ya kuwa ya lazima.

Upande wa pili ulitokana na taaluma ya Agano la Kale. Mwaka 1934 Albrecht Alt alitenganisha sheria za Waisraeli wa kale katika aina mbili. Aina moja huanza na tukio na masharti yake: mtu akitenda jambo fulani, katika hali fulani, adhabu yake ni hii. Aina nyingine hutoa katazo au agizo bila sharti wala maelezo, kama ilivyo katika Amri Kumi. Aina hii ya pili ndiyo iliyoitwa kwa kivumishi kinachojadiliwa. Ni wazi kuwa hapa hakuna uthibitisho wa aina ya Aristotle. Katazo halithibitishwi, hutolewa na mwenye mamlaka, na nguvu yake imo katika mamlaka hayo. Alt aliiona aina hiyo kuwa ya Waisraeli wenyewe hasa. Baadaye watafiti wengine walilipinga dai hilo kwa kuonyesha maagizo ya namna hiyo katika mikataba ya Wahiti.

Kutokana na pande hizo mbili, Kiingereza cha leo hutumia neno moja kwa mambo mawili. Hoja inaweza kusifiwa kwa neno hilo kwa kuwa imethibitishwa hadi mwisho. Msemaji naye anaweza kulaumiwa kwa neno lilelile kwa kuwa anasema kana kwamba hakuna wa kumjibu. Katika matumizi ya kwanza ubishi umekwisha kwa sababu hoja imekamilika. Katika ya pili ubishi umefungiwa mlango kabla haujaanza.

4.0 Njia za Kukifasiri

Mofolojia ya Kiswahili inatoa nyenzo bora ya kuchambua jambo hili. Kitenzi "pinga" kina kauli ya kutendwa, "pingwa", na kauli ya kutendeka, "pingika". Katika ukanushi, "isiyopingwa" hueleza kwamba hakuna anayepinga, ilhali "isiyopingika" hueleza kwamba haiwezekani kupinga. Mfano wa njia unafafanua tofauti hiyo. Njia isiyopitwa na watu yaweza kuwa inapitika bila taabu. Hawaipiti kwa sababu ya mazoea, woga au kutoijua. Njia isiyopitika, kinyume chake, imezuiwa na kitu chenyewe: mto umefurika au daraja limebomoka. Anayesema "haipitiki" anapaswa kuwa na daraja lililobomoka la kuonyesha. Hali kadhalika, anayesema "haupingiki" anapaswa kuonyesha kinachozuia kupinga.

Kwa kigezo hicho, njia nne za kufasiri zinaweza kupimwa. Neno "dhahiri" linafaa kwa jambo linaloonekana bila kuhitaji hoja, lakini uthibitisho huhitajika hasa pale ambapo jambo si dhahiri. Neno "yakini" hueleza uthabiti wa moyo wa anayesadiki. Mtu anaweza kuwa na yakini juu ya jambo la uongo. Neno "isiyopingika" hueleza matokeo bila kutaja njia iliyoyaleta. Kirai "ya kiburhani" ndicho kinachorejesha uthibitisho ndani ya sifa yenyewe, kwa kuwa burhani katika Kiswahili ni hoja au dalili ya wazi inayotolewa ili kuthibitisha dai.

Inaweza kusemwa kwamba burhani lina harufu ya maandishi ya kidini na huenda likamtatiza msomaji wa taaluma nyingine. Pingamizi hilo lina uzito katika matini ya kawaida. Hata hivyo, suluhisho si kurudi kwenye neno moja kwa kila muktadha. Katika matini ya mantiki, "ya kiburhani" au "iliyothibitishwa" yanatosha. Katika matini ya Kant, "ya ulazima" ni sahihi zaidi. Katika historia ya sheria, "agizo lisilo na sharti" linaeleweka. Pale ambapo kinachoelezwa ni namna ya kusema, Kiswahili kina "kauli ya mkato". Mfasiri anayetumia "isiyopingika" katika miktadha yote minne anaipa kauli ya mkato heshima ya burhani.

5.0 Matumizi katika Uhakiki: Mgogoro wa Vina na Mizani

Mgogoro wa ushairi wa Kiswahili unaonyesha gharama ya kuchanganya maana hizo. Mwaka 1954 K. Amri Abedi alichapisha Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri, kitabu kilichokuwa rejea kuu ya wanaojifunza utunzi wa kimapokeo. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi alitoa diwani ya Kichomi, yenye mashairi yasiyofuata vina na mizani. Mwaka 1979 M. M. Mulokozi na K. K. Kahigi, katika Kunga za Ushairi na Diwani Yetu, walitoa fasili ya ushairi isiyofanya vina na mizani kuwa sharti. Kati ya kazi hizo kulizuka mabishano makali magazetini, vyuoni na katika dibaji za diwani.

Katika mabishano hayo, kauli kwamba utungo usio na vina na mizani si shairi ilitetewa kana kwamba haipingiki. Ikichambuliwa, kauli hiyo inabeba madai matatu tofauti. Dai la kwanza ni la kihistoria: malenga wa mwambao kwa vizazi vingi wametunga mashairi yao kwa vina na mizani. Dai hili lina ushahidi mwingi katika miswada na diwani, na ni kweli. Lakini ni kweli ya aina ya "ndivyo", si ya "hapana budi". Dai la pili ni la fasili: shairi ni utungo wenye vina na mizani. Likikubaliwa, basi ni lazima kimantiki kwamba utungo usio navyo si shairi, kama ilivyo lazima kwamba mjane amefiwa na mwenzi wake. Ulazima huo, hata hivyo, umetokana na fasili iliyochaguliwa, wala hautoi habari yoyote mpya kuhusu tungo zenyewe. Dai la tatu ni agizo: mtunzi na atunge hivi. Neno "sheria" katika anwani ya kitabu cha mwaka 1954 linahusu dai hili. Agizo la namna hiyo linaweza kuwa na faida kubwa katika kumlea mtunzi, lakini haliwi kweli wala uongo.

Nguvu ya kauli ya wanamapokeo ilitokana na kuyaunganisha madai hayo matatu katika sentensi moja. Ushahidi wa dai la kwanza ulihamishiwa kwenye la pili, kisha la tatu likapokelewa kana kwamba nalo limethibitishwa. Nyimbo za kazi, za jando na unyago, na za ngoma, ambazo nyingi hazifuati vina vya urari, zilikuwapo wakati wote. Zilitosha kuonyesha kwamba fasili ile ilipingika. Ni kwamba tu haikuwa imepingwa kwa maandishi.

Uadilifu wa uhakiki unataka upande wa pili upimwe kwa kipimo kilekile. Hoja iliyozoeleka katika kutetea mashairi huru ni kwamba jamii hubadilika, na fasihi hubadilika pamoja nayo. Kauli hiyo inakubalika kwa urahisi, lakini haifuati kutoka kwayo kwamba vina na mizani vimepitwa na wakati. Mabadiliko yanaweza kuongeza umbo jipya bila kuliondoa la zamani, na ndivyo ilivyotokea: leo mashairi ya kimapokeo na mashairi huru yanafundishwa pamoja shuleni na vyuoni. Pande zote mbili zilikuwa na rai zenye wafuasi na sababu. Zilikuwa rai za mjadala, na mjadala ulipoendeshwa kama mjadala ulizaa nadharia ya ushairi ambayo haikuwapo kabla.

6.0 Athari kwa Uandishi wa Tasnifu

Matokeo ya uchambuzi huu yanahusu moja kwa moja uandishi wa tasnifu. Maneno "ni ukweli usiopingika kwamba" hupendwa katika usuli wa tatizo na katika tamko la tatizo. Katika hotuba ni pambo la usemi na hayana madhara makubwa. Katika tasnifu hushika mahali ambapo ushahidi ulipaswa kukaa. Zaidi ya hayo, yanahitilafiana na kazi yenyewe: kama jambo halipingiki, halihitaji utafiti, na kama linahitaji utafiti, bado halijafikia hadhi hiyo.

Mtahini anayekutana na maneno hayo anaweza kuuliza maswali mawili. Je, kauli hii haipingwi au haipingiki? Na kama haipingiki, ni nini kinachozuia kuipinga: ushahidi, fasili, au mamlaka ya aliyeisema? Jibu likiwa ni mamlaka, mtafiti anapaswa kumtaja mwenye mamlaka na kuipima hoja yake. Likiwa ni fasili, anapaswa kueleza kwa nini ameichagua. Likiwa ni ushahidi, auweke mbele ya msomaji.

7.0 Hitimisho

Uhakiki huu umeonyesha kwamba kivumishi "apodictic" kilianza kama sifa ya kauli iliyothibitishwa, kikapata maana ya ulazima, kisha kikatumika kwa agizo na kwa namna ya kusema isiyotaka jibu. Kukifasiri daima kwa "isiyopingika" kunaficha tofauti hizo. Kiswahili kina nyenzo za kuzidhihirisha: tofauti ya kauli ya kutendwa na ya kutendeka, pamoja na msamiati wa burhani, mjadala na kauli ya mkato. Inapendekezwa kwamba wafasiri wateue neno kwa kufuata muktadha, na kwamba waandishi wa tasnifu waliweke neno "isiyopingika" baada ya uthibitisho, si kabla yake. Utafiti zaidi unaweza kufanywa kuhusu virai vingine vya aina hii, kama vile "hakuna asiyejua" na "kama inavyofahamika", ili kubainisha kazi vinavyofanya katika hoja za kitaaluma za Kiswahili.